Warithi wa Nambari Tisa

Msomaji aliyezaliwa katika pwani zetu, ambaye barafu kwake ni ile itiwayo katika gilasi ya sharbati wakati wa kaskazi, au yale mabonge ambayo wachuuzi huwafunikia samaki wao wasije wakaoza kabla ya kufika sokoni, hana lawama yoyote akistaajabu kusikia ya kuwa wako watu wazima, wenye akili zao timamu, waliopata mali na heshima, na mmoja wao hata akazikwa kwa mazishi ya kiserikali, kwa sababu ya kukimbizana juu ya barafu hiyo na magongo mikononi. Mpira wa magongo wenyewe si mgeni kwetu. Wagoa na Masingasinga wa Afrika ya Mashariki waliucheza kwenye majani miaka mingi kwa ustadi mkubwa, hata Kenya ikapeleka timu yake katika Michezo ya Olimpiki ya Melbourne mwaka 1956. Lakini huo wa barafuni ni kadhia nyingine kabisa, na makao yake ya asili ni Kanada, nchi ambayo mito na maziwa yake huganda kwa miezi kadhaa kila mwaka, mtoto akaweza kutoka mlangoni kwao akakuta uwanja umekwisha kutandikwa na Mola bila ya gharama.

Kila upande huingiza wachezaji sita, mmoja wao akiwa mlinda lango, nao huvaa viatu vyenye makali ya chuma chini ya nyayo. Wanachogombania si tufe bali ni kisahani cha mpira mgumu, chenye upana wa inchi tatu na unene wa inchi moja, ambacho hugandishwa kwanza katika jokofu ili kisidundedunde, na ambacho kikipigwa kwa nguvu huenda kwa kasi ya zaidi ya kilomita 160 kwa saa. Uwanja umezungukwa na ukuta mfupi, na mchezo una vipindi vitatu vya dakika 20 kila kimoja. Na kwa kuwa hakuna pafu liwezalo kustahimili mbio hizo kwa muda mrefu, wachezaji hupokezana huku mchezo ukiendelea, kila kundi likiingia kwa muda wa dakika moja hivi, kisha likaruka ukuta kwenda kutweta. Kugongana kwa mabega ni halali. Kupigana ngumi kumekatazwa, ila kwa makatazo yasiyomtisha mtu, maana aghalabu adhabu yake ni kukaa nje dakika tano. Ligi kubwa kuliko zote, iitwayo Ligi ya Taifa ya Hoki ijapokuwa ina timu za mataifa mawili, Kanada na Marekani, iliundwa Montreal mwaka 1917, na tuzo inayogombewa ni Kombe la Stanley, lililotolewa mwaka 1892 na Lord Stanley, aliyekuwa Gavana Mkuu wa Kanada.

Wengi waandikapo habari za majabari wa mchezo huu huwapanga mithili ya mizigo ghalani, huyu mabao kadhaa, yule makombe kadhaa. Mimi nimeona afadhali kuishika nambari moja tu, nambari 9, iliyovaliwa mgongoni na wawili na kutamaniwa na wa tatu, watu waliopokezana sifa, na kuifuata kama mtu afuataye silsila ya chuo, kutoka kwa mwalimu hadi kwa mwanafunzi, nikijua fika ya kuwa njiani nitawaacha wengi waliostahiki kutajwa.

Wa kwanza ni Maurice Richard, aliyezaliwa Montreal tarehe 4 Agosti 1921, baba yake akiwa mfanyakazi wa shirika la reli. Mwanzo wake haukuashiria kheri: alivunjika kifundo cha mguu, kisha mkono, kisha mguu tena, hata alipotaka kuingia jeshini wakati wa Vita Vikuu vya Pili alikataliwa kwa sababu ya mifupa yake, na wakuu wa timu ya mji huo, Canadiens, wakaanza kunong'onezana ya kwamba kijana huyu ni wa kioo. Alikuwa akivaa nambari 15. Mwaka 1943 alipata binti, mtoto akapimwa akaonekana ana ratili tisa, na baba mtu kwa furaha yake akaenda kuomba apewe nambari 9. Basi nambari hiyo, ambayo watoto wa nchi nzima walikuja kuitamani, asili yake ilikuwa mizani ya mkunga.

Baada ya hapo hakushikika. Walinda lango waliokabiliana naye walisimulia hadi uzeeni habari za macho yake, jinsi yalivyokuwa yakiwaka alipokuwa akiwajia, na lakabu yake ikawa Roketi. Tarehe 28 Disemba 1944 alishinda mchana kutwa akihamisha vyombo vya nyumba yake, akafika uwanjani akiwaambia wenziwe ya kuwa amechoka na wasimtumainie sana usiku huo. Akafunga mabao matano na kutoa pasi tatu za mabao, na Detroit wakarudi kwao wamefungwa 9 kwa 1. Msimu huo alitimiza mabao 50 katika mechi 50, jambo ambalo kabla yake hakuna aliyelifanya, na mwaka 1957 akawa mtu wa kwanza kufikisha mabao 500.

Hapa nataka nikae kidogo, kwa sababu bila ya kuijua Montreal ya zama zile mtu hawezi kumfahamu Richard. Wenyeji wengi wa mji ule walikuwa wasemaji wa Kifaransa, ilhali biashara kubwa, mabenki na ofisi zilikuwa mikononi mwa wasemaji wa Kiingereza, na Mfaransa aliyetaka cheo alilazimika kukitafuta kwa lugha isiyokuwa ya mama yake. Katika hali hiyo Richard, mtu wa maneno machache na asiyekuwa na siasa yoyote ya kutangaza, alikuwa kwa watu wake ndiye mmoja wao aliyeingia katika nyumba ya wakubwa bila ya kubisha hodi.

Tarehe 13 Machi 1955, huko Boston, mchezaji wa upande wa pili alimpasua kichwa kwa gongo. Richard akamrudia kwa gongo lake, na msaidizi wa refa alipomkamata kumzuia, akajichomoa akampiga na huyo ngumi mbili. Siku tatu baadaye rais wa ligi, Clarence Campbell, mwanasheria msemaji wa Kiingereza, akamfungia mechi zote zilizosalia pamoja na mechi zote za kugombea Kombe. Kosa lilikuwa kosa, na mwandishi wa maneno haya hamtetei mtu anayempiga mwamuzi. Lakini hukumu huwa na masikio ya wanaoisikiliza, na Montreal iliisikia kama wimbo wa zamani uliopigwa kwa mara nyingine. Campbell akaonywa asihudhurie mchezo wa tarehe 17, naye akahudhuria, akaketi kwenye kiti chake cha kila siku. Alitupiwa mayai na nyanya, mtu mmoja akamkaribia kana kwamba anataka kumpa mkono akampiga, kisha likaripuka bomu la moshi wa kutoa machozi, watu wakatolewa nje, na ushindi wakapewa Detroit waliokuwa wakiongoza 4 kwa 1. Usiku kucha madirisha ya maduka ya mtaa wa Sainte-Catherine yalivunjwa na vitu vikaporwa. Kesho yake ilimbidi Richard mwenyewe aseme katika redio, akiwasihi watu watulie na kuahidi kwamba atarudi mwakani kulitwaa Kombe.

Jambo moja dogo katika kisa hiki hunigusa kuliko vioo vilivyovunjwa. Richard hakupata kuwa mfungaji wa juu wa ligi kwa hesabu ya pointi, ambazo ni mabao na pasi za mabao zikijumlishwa, na msimu ule ndio aliokuwa akiongoza. Alipofungiwa, mwenzake wa timu hiyo hiyo, Bernard Geoffrion, akampita kwa pointi moja, 75 kwa 74, na watazamaji wa nyumbani wakamzomea Geoffrion kwa sababu alifunga bao! Ahadi ya redioni ilitimia: Canadiens walilitwaa Kombe mwaka 1956, na wakalishika miaka mitano mfululizo hadi 1960, ndipo Richard alipostaafu akiwa na mabao 544 na makombe manane. Alipofariki mwezi wa Mei 2000, zaidi ya watu laki moja walipita mbele ya jeneza lake, na jimbo la Quebec likamzika kama linavyozika viongozi wake.

Nambari 9 nyingine ilikuwa Detroit, na mwenye kuivaa, Gordie Howe, aliipata kwa sababu isiyo na shairi ndani yake. Wakati ule timu zilisafiri kwa treni za usiku, na vitanda viligawiwa kwa kufuata nambari: wenye nambari ndogo walilala vitanda vya chini, wenye kubwa wakapanda juu. Howe alikuwa na 17. Nafasi ya 9 ilipotokea akaichukua, apate kulala vizuri.

Alizaliwa tarehe 31 Machi 1928 katika mashamba ya Saskatchewan, mmoja katika watoto tisa, kabla kidogo ya miaka ile ya dhiki ambayo ngano haikuwa na bei. Inasimuliwa na mwenyewe kwamba mwanamke mmoja aliyehitaji fedha za kulisha watoto wake alimuuzia mama yake gunia la vitu vikuukuu, na lilipomwagwa sakafuni vikatoka viatu vya barafuni. Gordie akanyakua kimoja na dada yake akanyakua cha pili, wakawa wanateleza kila mtu kwa mguu mmoja, hata dada alipochoka na baridi, kaka akapata jozi kamili. Alikua akawa mtu mpole nje ya uwanja na mwenye viwiko vya kuogopwa ndani yake, aliyeweza kupiga kwa mkono wa kulia na wa kushoto sawasawa. Hadi leo mchezaji akifunga bao, akatoa pasi ya bao na akapigana ngumi katika mechi moja, huambiwa amepata tatu za Gordie Howe. Na kinaya chake ni kwamba Howe mwenyewe alizipata mara mbili tu, kwa maana baada ya miaka michache hakukuwa na aliyekuwa tayari kupigana naye.

Mwezi wa Machi 1950, katika mechi ya kwanza ya kugombea Kombe, alikwenda kumkumba nahodha wa Toronto, akamkosa, akaangukia ukuta kwa kichwa. Usiku ule madaktari walimtoboa fuvu kupunguza mkandamizo wa ubongo, na mama yake akaitwa kwa ndege kutoka Saskatchewan, kila mtu akiwa hajui kama atamkuta hai. Detroit walishinda Kombe mwaka huo, na Howe akatokea barafuni akiwa na bandeji kichwani kulishika. Msimu uliofuata aliongoza ligi nzima kwa pointi. Mara sita alikuwa mfungaji wa juu na mara sita akatajwa mchezaji bora, na alipostaafu mwaka 1971, kwa maumivu ya kifundo cha mkono, watu walidhani kitabu kimefungwa. Mwaka 1973 akarudi, katika ligi mpya ya upinzani, kucheza Houston timu moja na wanawe wawili, Mark na Marty. Na msimu wa 1979–80, akiwa na timu ya Hartford, alirejea katika ligi kubwa akacheza mechi zote 80 akafunga mabao 15, akautimiza umri wa miaka 52 kabla msimu haujaisha. Nimetafuta katika michezo mingine ya nguvu mtu wa kumlinganisha naye, nami sijampata. Hesabu yake katika ligi hiyo ilisimama kwenye mabao 801 na pointi 1,850.

Kabla sijafika kwa wa tatu, haki inanidai niwataje wawili wasiokuwa wa nambari hii. Bobby Orr wa Boston, nambari 4, alikuwa mlinzi, na kabla yake kazi ya mlinzi ilikuwa kukaa nyuma na kuzuia. Yeye akawa anakichukua kisahani langoni kwake na kukifikisha langoni kwa wapinzani, hata msimu wa 1969–70 akaongoza ligi nzima kwa pointi 120, jambo ambalo mlinzi hakuwahi kulifanya. Tarehe 10 Mei 1970 alifunga bao la ushindi wa Kombe katika muda wa nyongeza, na picha yake akiwa hewani, amekwatuliwa, mikono imeinuliwa, ni maarufu kuliko picha yoyote ya mchezo huu. Walakini magoti yake yalikuwa yakipasuliwa mara kwa mara. Alihamia Chicago mwaka 1976, akaweza kucheza mechi 26 tu katika miaka mitatu, akastaafu ana umri wa miaka 30; na hundi za mshahara ambao aliona hakuutolea jasho aliziacha bila ya kuzipeleka benki.

Wa pili ni Willie O'Ree, mtu mweusi wa kwanza kucheza katika ligi hiyo, aliyeingia uwanjani Montreal na timu ya Boston tarehe 18 Januari 1958. Katika umri wa ujana kisahani kilimpiga jicho la kulia, likapoteza karibu nuru yake yote, na kwa kuwa kanuni za ligi zisingemruhusu, aliificha siri hiyo miaka mingi. Zingatia maana yake: alicheza upande wa kushoto, kwa hivyo kila pasi ilimjia kutoka upande asioona, ikambidi augeuze uso wake wote juu ya bega la kulia ili ajue inatoka wapi, huku akijilinda na wanaomkumba na kuyasikia matusi ya watazamaji. Alicheza mechi 45 tu katika ligi kubwa, akafunga mabao manne. Baadaye katika ligi ndogo kocha alimhamishia upande wa kulia, na mabao yakamiminika. Akaendelea kucheza hadi umri wa miaka 43. Baada yake hakuonekana mchezaji mweusi mwingine katika ligi hiyo hadi mwaka 1974, na Boston hawakuistaafisha jezi yake, nambari 22, hadi Januari 2022.

Amma wa tatu katika silsila yetu, Wayne Gretzky, alizaliwa Brantford, Ontario, tarehe 26 Januari 1961. Baba yake, Walter, fundi wa kampuni ya simu, alikuwa akimwaga maji nyuma ya nyumba usiku wa baridi hata uani kukawa uwanja, akampangia mwanawe makopo ya kuzungukia. Na mechi zilipooneshwa katika televisheni, alikuwa akimpa karatasi na kalamu afuatishe njia ya kisahani bila ya kuinua mkono, ili mwisho waone ni pembe zipi za uwanja wino umekolea. Hapo ndipo mtoto alipojifunza kutokwenda kilipo kisahani bali kitakapokuwa. Alipokuwa na umri wa miaka sita alichezeshwa pamoja na watoto wa miaka kumi, akafunga bao moja msimu mzima, jezi ikiwa kubwa kwake hata akawa anaichomeka upande mmoja isimzuie, desturi aliyobaki nayo maisha yake yote. Alipofika umri wa miaka kumi mwenyewe, alifunga mabao 378.

Kipenzi chake alikuwa Howe. Ipo picha waliyopigwa Brantford mwaka 1972, mtoto wa miaka 11 amevaa suti, na jabari lake amemtia gongo shingoni kwa mzaha. Alipokuwa na miaka 16 alikwenda kuchezea timu ya vijana ya Sault Ste. Marie akaiomba nambari 9, akaambiwa ina mwenyewe. Akavaa nyingine kwa muda, kisha mwalimu wake akamwambia: kama moja haipatikani, kwa nini usivae mbili? Ndivyo ilivyozaliwa 99. Tarehe 5 Februari 1980, katika mechi ya wachezaji bora iliyochezwa Detroit, Howe mwenye miaka 51 na Gretzky mwenye miaka 19 walikuwamo katika uwanja mmoja.

Hakuwa na kifua cha Howe wala ghadhabu za Richard. Alikuwa mwembamba, asiye na mbio za kutisha, na mahali alipopapenda ni nyuma ya goli la wapinzani, ambapo mlinda lango hawezi kumtazama yeye na kuwatazama wenziwe kwa wakati mmoja. Richard alitimiza mabao 50 kwa mechi 50. Gretzky, tarehe 30 Disemba 1981, aliyatimiza kwa mechi 39, akifunga matano usiku huo mmoja, na msimu ukaisha akiwa na mabao 92. Edmonton, mji wa mafuta ulio mbali kaskazini, ambao timu yake ndiyo aliyokuwa akiichezea, ukapata Kombe mara nne kati ya 1984 na 1988. Halafu, tarehe 9 Agosti 1988, mwenye timu akamuuza Los Angeles kwa dola milioni 15 na wachezaji kadhaa; Gretzky akalia mbele ya waandishi wa habari, mbunge mmoja akaitaka serikali ya Kanada iingilie kati, na mchezo wa baridi ukaanza kupata wapenzi katika California, nchi ya minazi ya mapambo, ambapo timu nyingine mbili zilizaliwa katika miaka michache iliyofuata.

Ikasadifu kwamba siku ya kumpita Howe, tarehe 15 Oktoba 1989, ratiba iliwapeleka Los Angeles kucheza Edmonton kwenyewe. Zikisalia sekunde 53 Gretzky alisawazisha, ikawa pointi ya 1,851. Mchezo ukasimamishwa, na Howe, aliyekuwa amesafiri makusudi ili awepo, akashuka barafuni kumpongeza, kisha mchezo ukaendelea na mshindi akawa Gretzky yule yule katika muda wa nyongeza. Alipostaafu mwaka 1999 alikuwa na mabao 894 na pasi za mabao 1,963, maana yake kwamba lau mabao yake yote yangefutwa kitabuni, bado angekuwa na pointi nyingi kuliko mchezaji mwingine yeyote wa ligi hiyo. Nambari 99 ikaondolewa katika timu zote, asiivae mtu tena.

Ile hesabu ya mabao 894 ilidumu hadi tarehe 6 Aprili 2025, ilipopitwa katika jimbo la New York na Alexander Ovechkin wa Washington, mzaliwa wa Moscow. Mchezo ukasimamishwa. Gretzky alikuwapo, mzee mwenye suti, naye akashuka barafuni kama Howe alivyomshukia yeye Edmonton. Ovechkin havai 9 wala 99. Yeye huvaa 8, ambayo ilikuwa nambari ya mama yake, mchezaji wa mpira wa kikapu aliyeipatia nchi yake dhahabu mbili za Olimpiki.